Neno la Mama ni Kipimo: Mhadhara Kuhusu Kwikwi na Mchezo wa Mtoto Tumboni



Katika kliniki zetu za wajawazito, kuanzia zahanati ya kijijini hadi hospitali ya rufaa, kuna swali fupi linaloulizwa kila siku: "Mtoto anacheza?" Mama hujibu, "Anacheza." Mkunga hutia alama kwenye kadi, na anayefuata huitwa. Kwenye kadi hiyohiyo presha ya mama huandikwa kwa tarakimu. Uzito wake huandikwa, wekundu wa damu yake huandikwa, mapigo ya moyo wa mtoto huandikwa. Hayo yote yamepimwa kwa chombo, kwa hiyo tunayaheshimu. Kucheza kwa mtoto hakuna chombo. Kunategemea kauli ya mama, na kwa sababu hiyo tumezoea kukuchukulia kuwa jambo la kupitia tu.

Hoja yangu leo ni kwamba tunakosea. Kauli ya mama kuhusu mtoto wake anavyocheza ni kipimo kamili, na inastahili kusikilizwa na kufanyiwa kazi sawa na presha. Ila kipimo hakimfai mtu asiyejua anachopima. Mama asiyeelezwa tofauti ya kwikwi na teke, au aliyeambiwa kwamba mtoto hutulia anapokaribia kuzaliwa, ataogopa pasipo na hatari na kutulia penye hatari. Ndiyo maana nitaanza na mtoto mwenyewe na anachofanya humo ndani. Kisha nitazungumzia kwikwi, ambazo huwatia watu wengi hofu ya bure. Mwisho nitafika kwenye jambo linalostahili hofu yetu, nalo ni mtoto kupunguza kucheza.

Mtoto huanza kucheza kabla mama hajajua

Kwa karne nyingi binadamu walijua kucheza kwa mtoto kwa njia mbili tu: mama ahisi, au mtu aweke mkono tumboni mwake. Mwaka 1958 daktari Ian Donald na wenzake, waliokuwa wakifanya kazi Glasgow, Uskoti, walichapisha picha za ndani ya tumbo zilizopigwa kwa mawimbi ya sauti. Huo ukawa msingi wa kipimo tunachokiita leo ultrasaundi. Baadaye watafiti wa Groningen, Uholanzi, Johanna de Vries, Gerard Visser na Heinz Prechtl, walikitumia kufuatilia mimba changa wiki baada ya wiki, wakiandika kila mjongeo waliouona. Matokeo yao yalichapishwa mwaka 1982, na hadi leo ndiyo tunayofundishia.

Waliona mjongeo wa kwanza kabisa kwenye wiki ya 7 au ya 8, tukihesabu kuanzia siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho. Karibu na wiki ya 9 mtoto tayari ana kwikwi, na anaweza kuinua mkono mmoja peke yake. Wiki ya 10 kifua chake huanza kupanda na kushuka kana kwamba anapumua, ingawa yumo majini. Hazipiti wiki nyingi kabla hajapiga miayo, kunyonya na kumeza. Kufikia wiki ya 15, karibu kila aina ya mjongeo tunayoiona kwa mtoto mchanga aliyezaliwa huwa imeshajitokeza.

Mama hahisi lolote kati ya hayo. Mtoto wa wiki 12, kutoka utosini hadi makalioni, ana sentimita tano au sita, na uzito wake haufiki gramu 20. Akirusha mguu, maji ya uzazi humeza nguvu yake yote. Kwa mimba ya kwanza wengi huhisi kati ya wiki ya 18 na ya 20. Aliyekwisha kuzaa anaweza kuhisi tangu wiki ya 16, kwa sababu anakijua anachokisubiri. Dalili ya kwanza ni kupapatika kwepesi chini ya kitovu, na mama wengi hudhani ni gesi. Kondo la nyuma likiwa limejishikiza upande wa mbele wa nyumba ya uzazi, huwa katikati ya mtoto na ngozi ya tumbo, na mama anaweza kuchelewa zaidi kuhisi. Lakini wiki ya 24 ikifika hajawahi kuhisi chochote, aende akapimwe.

Mtoto hachezi bure humo ndani. Mifupa, misuli na viungo hukua sawasawa kwa sababu vinatumika. Mtoto asiyeweza kujinyoosha na kujikunja tumboni huzaliwa na viungo vilivyokakamaa. Mapafu nayo yanahitaji mazoezi yale ya kupanda na kushuka kwa kifua, na yanahitaji maji ya kutosha. Maji yakiwa machache mno tangu mapema, mapafu hubaki madogo. Kumeza kunaandaa utumbo. Kila teke ni sehemu ya kazi ya kujijenga.

Pia analala. Usingizi wa mtoto tumboni huchukua kwa kawaida dakika 20 hadi 40, na kwa mtoto mwenye afya ni nadra kuzidi dakika 90. Mama wengi huhisi mchezo zaidi usiku, hasa kati ya saa tatu na saa saba. Sababu moja ni mtoto mwenyewe, ambaye huchangamka zaidi saa hizo. Sababu nyingine ni mama kuwa ametulia. Mama aliyesimama sokoni tangu alfajiri, akihesabu chenji na kuinua ndoo, hukosa mateke mengi ambayo angeyahisi akiwa amelala. Watafiti waliolinganisha kinachoonekana kwenye skrini na anachokisema mama waligundua kwamba sehemu ya mijongeo humpita, na sehemu hiyo hutofautiana sana kutoka mama mmoja hadi mwingine. Basi mama wawili wa wiki 30, wote wakiwa na watoto wenye afya, wanaweza kuwa na hesabu mbili tofauti kabisa. Kila mmoja ana mtoto wake na desturi ya mtoto wake. Hilo tulishike, maana tutalihitaji mbele.

Kwikwi: mazoezi yasiyo na madhara

Sasa tuje kwenye kwikwi, jambo ambalo huwaleta kina mama wengi kliniki wakiwa wamekosa usingizi.

Mama amejilaza ubavu wa kushoto, ameilegeza kanga. Upande mmoja wa tumbo, chini kidogo ya kitovu, ngozi inadunda mara moja na kutulia. Baada ya muda uleule inadunda tena, palepale, kwa nguvu ileile, kama mtu anayegonga mlango taratibu kwa kidole kimoja. Anajigeuza upande wa pili, mdundo unaendelea mahali pake. Hizo ni kwikwi. Teke halina nidhamu hiyo: moja huja juu, jingine ubavuni, moja kali, jingine hafifu, kisha kimya. Na mtoto akijigeuza, tumbo zima huweza kuinuka upande mmoja.

Kwikwi hudumu dakika chache, pengine robo saa, wakati mwingine zaidi. Wapo mama wanaozihisi mara kadhaa kwa siku, wapo wa mara moja kwa wiki, na wapo wanaojifungua bila kuzihisi hata mara moja. Wote hao wanaweza kuwa na watoto wazima. Kwa kawaida huanza kuhisika katika nusu ya pili ya mimba. Mahali zinapodunda humdokeza mkunga kifua cha mtoto kilipo: zikidunda chini, huenda mtoto ametanguliza kichwa, zikidunda juu karibu na mbavu, huenda ametanguliza matako. Huo ni udokezi tu, na mkunga huuthibitisha kwa mikono yake au kwa ultrasaundi.

Kinachotokea ni hiki. Kiwambo, yaani msuli mpana unaotenganisha kifua na tumbo, hujikaza ghafla bila mtoto kutaka, na koo hujifunga papo hapo. Kwetu sisi tunaopumua hewa, hapo ndipo sauti ile ya "hik" hutoka. Mtoto aliye tumboni hapumui hewa. Oksijeni yake hutoka kwa mama, ikapita kwenye kondo la nyuma na kumfikia kwa njia ya kitovu. Kwa hiyo kwikwi haziwezi kumkaba wala kumkatia pumzi. Hazimaanishi ana njaa au anahisi baridi. Mama aliyekula pilipili au kunywa soda baridi hajamdhuru mtoto, na hana haja ya kunywa maji kwa mafundo saba ili zikome.

Wengine huambiwa kwamba kwikwi nyingi ni ishara ya kitovu kumnyonga mtoto shingoni. Maneno haya yamesambaa sana kwenye simu zetu, na yamewakosesha wengi usingizi. Karibu mtoto mmoja kati ya wanne huzaliwa kitovu kikiwa kimezunguka shingo, na walio wengi hutoka salama, kwa sababu uhai wao unapita ndani ya kitovu, haupiti kooni. Mkunga huona kitovu hicho kichwa kinapotoka, akakipitisha juu ya kichwa kwa kidole, na kazi ikaendelea. Kwikwi si kipimo cha jambo hilo.

Kuhusu faida yake, kuna utafiti mmoja wa kuvutia. Mwaka 2019 watafiti wa University College London, wakiongozwa na Kimberley Whitehead, walichapisha matokeo ya kupima ubongo wa watoto wachanga 13 walipokuwa na kwikwi. Baadhi yao walikuwa njiti, yaani umri wao ulikuwa wa mtoto ambaye alipaswa kuwa bado tumboni. Kila kiwambo kilipojikaza, ubongo uliitikia kwa mawimbi matatu. Watafiti hao walieleza kwamba huenda kwa njia hiyo ubongo hujifunza kuutambua msuli wa kupumulia na hatimaye kuuendesha kwa hiari. Utafiti mwingine, uliofanywa katikati na kaskazini mwa Uingereza na kuchapishwa mwaka 2018, ulilinganisha kina mama waliopoteza mtoto mwishoni mwa mimba na wale ambao mimba zao ziliendelea vyema. Kuhisi kwikwi kila siku kulionekana zaidi kwa kundi la pili. Hilo halina maana kwamba kwikwi zina kinga. Lina maana kwamba hatuna sababu ya kuziogopa.

Lakini kuna onyo moja ambalo naomba kila mkunga alitamke kwa kinywa chake. Kwikwi hazihesabiwi kuwa mchezo. Zinajiendesha zenyewe, na mtoto hazitoi kwa nguvu ya mwili wake mzima. Mama anayesema, "Leo hajapiga teke, ila kwikwi nimezisikia," asiambiwe arudi nyumbani akapumzike. Tunachokitafuta ni mateke, kujigeuza, kusukuma na kujinyoosha. Hayo yakipungua, kwikwi hazituliwazi. Na kwikwi zenyewe zikibadilika ghafla katika wiki za mwisho, zikawa nyingi mno na ndefu kuliko desturi yake, mama amwambie mkunga ili mtoto asikilizwe. Asikae na wasiwasi peke yake.

Mtoto akipunguza kucheza

Mtoto hutegemea kondo la nyuma kwa chakula na kwa oksijeni. Kondo likianza kushindwa kazi, mtoto hubana matumizi. Damu nyingi zaidi hupelekwa kwenye ubongo na moyo, na misuli ya mikono na miguu hupunguziwa. Anaacha kujigeuza na kurusha miguu ili abaki na nguvu ya kuishi. Kwa nje, tumbo ni lilelile, mama hana maumivu, hana damu inayotoka, hana homa. Mara nyingi dalili pekee ni kimya. Na kimya hicho kinaweza kuchukua saa nyingi au hata siku kabla moyo haujasimama. Hapo ndipo penye nafasi ya kuokoa.

Kondo hushindwa kwa sababu nyingi, na baadhi tunazifahamu vizuri katika nchi zetu. Shinikizo la juu la damu linaloweza kufikia kifafa cha mimba ni mojawapo. Kisukari, upungufu mkubwa wa damu na sigara navyo vimo. Malaria ina hila yake: vimelea hujikusanya ndani ya kondo, mama akawa hana hata homa, huku mtoto akikosa lishe. Ndiyo sababu tunasisitiza chandarua chenye dawa kila usiku, na dawa ya SP kwenye maeneo yenye malaria, kuanzia mwezi wa nne, angalau mara tatu kwa kupishana mwezi.

Duniani kila mwaka watoto karibu milioni 2 huzaliwa wamekwisha kufa baada ya mimba kufikisha wiki 28. Zaidi ya asilimia 40 hufa wakati wa uchungu, na wengi wa hao wangeokolewa kwa uangalizi mzuri wa kujifungua. Nchi za Afrika kusini mwa Sahara zinabeba sehemu kubwa ya msiba huo. Na katika tafiti za kina mama waliopoteza watoto kabla ya uchungu, karibu nusu husema walikuwa wameona mtoto amepunguza kucheza. Nusu ya kina mama walikuwa na taarifa ambayo hakuna mwingine duniani aliyekuwa nayo. Wengine walinyamaza kwa sababu hawakuambiwa kwamba ni muhimu. Wengine walisema, na wakaambiwa wasubiri.

Nisiwatishe kupita kiasi. Katika kila mimba kumi ambazo mama alikuja mara moja akisema mtoto amepunguza kucheza, kama saba huisha bila tatizo lolote. Mtoto alikuwa amelala, au amegeukia mgongo wa mama, au mama alikuwa na shughuli nyingi siku hiyo. Mama huyo hakupoteza muda wa mtu. Alikuja kupima, na kipimo kikatoa jibu jema.

Kuna maneno matatu yanayozunguka mitaani ambayo naomba tuyakomeshe. La kwanza: "Mtoto akikaribia kuzaliwa hutulia." Si kweli. Mchezo huongezeka hadi karibu wiki ya 32, kisha hubaki kwa kiwango hicho hadi siku ya kuzaliwa, hata wakati wa uchungu. Kinachobadilika ni namna: nafasi ikibana, mateke makali hupungua na mahali pake hushikwa na kusukuma na kujiviringisha. La pili: "Kunywa soda au maji ya sukari, atacheza." Hakuna ushahidi wa kuaminika kwamba kinywaji kitamu humwamsha mtoto aliyedhoofika, lakini ushahidi wa muda unaopotea tunao. La tatu: "Ngoja hadi kesho." Hapa methali ya wahenga ina maana yake kamili: ngoja ngoja huumiza matumbo.

Katika miji siku hizi wapo wanaonunua vifaa vidogo vya kusikilizia mapigo nyumbani. Navyo tuviangalie kwa tahadhari. Mama anaweza kusikia mapigo yake mwenyewe, au mshindo wa damu kwenye kondo, akadhani ni mtoto. Na hata moyo wa mtoto ukisikika, kusikika kwake hakuthibitishi kwamba mtoto yuko salama.

Tuhesabu, au tujue desturi?

Wengi huniuliza: mateke mangapi kwa siku? Swali hili lina historia. Mwaka 1976 madaktari Pearson na Weaver wa Cardiff, Wales, walichapisha njia ya mama kuhesabu mateke kumi kila siku na kuandika yalipotimia. Njia hiyo ilienea dunia nzima, na wengi wetu tulifundishwa kwayo. Tafiti zilizofuata hazikuonyesha kwamba kumpa kila mama karatasi ya kuhesabu hupunguza vifo. Mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo uleule uliopandisha mahudhurio ya kliniki kutoka manne hadi manane, lilishauri kwamba kuhesabu mateke kila siku kufanywe kwenye utafiti tu. Mwaka 2018 ukatoka utafiti mkubwa wa Uingereza na Ireland, uliohusisha hospitali 33 na mimba zaidi ya 400,000. Ulijaribu kuwaelimisha kina mama na wahudumu, na kuwa na utaratibu mmoja wa kumhudumia mama anayekuja akisema mtoto amepunguza kucheza. Vifo havikupungua kwa kiwango cha kuthibitika, huku kuanzishiwa uchungu na upasuaji vikiongezeka.

Je, tukate tamaa? Hapana. Mimi nasoma matokeo hayo hivi: idadi moja haiwafai watu wote, na kukimbilia upasuaji kwa kila mama si dawa. Lakini katika tafiti nyingine, mama aliyeona mabadiliko ya kweli bado ndiye aliyekuwa kwenye hatari kubwa zaidi. Kinachotakiwa ni mama ajue desturi ya mtoto wake. Kuanzia wiki ya 28, achague wakati mmoja wa siku ambao mtoto huchangamka, alale ubavu, aache simu, na kwa robo saa hivi azingatie: anacheza kwa nguvu gani, kwa namna gani, mara nyingi au chache. Haandiki idadi. Anamfahamu mtu.

Ubavu nimeutaja kwa sababu nyingine pia. Kuanzia wiki hiyo ya 28, mama aanze usingizi wake kwa ubavu, wa kushoto au wa kulia. Akilala chali, uzito wa mimba hukandamiza mishipa mikubwa ya damu, na tafiti za nchi kadhaa zimehusisha kulala chali na ongezeko la watoto kufia tumboni. Akizinduka usiku akajikuta chali, asiogope, ajigeuze tu.

Siku akihisi mtoto amepungua na hana hakika, hapo tu ahesabu: alale ubavu wa kushoto na kuzingatia kwa saa mbili. Asipohisi mijongeo kumi katika saa hizo mbili, aondoke aende kituo cha afya. Kama ana hakika kwamba mtoto amepungua au amenyamaza, asisubiri hata hizo saa mbili. Anayekaa mbali na kituo, ambaye usafiri wake ni bodaboda au mashua, aanze safari mapema zaidi. Tanzania upo mfumo wa m-mama wa usafiri wa dharura kwa wajawazito na watoto wachanga, kwa namba 115 bila malipo. Mtoto aliyecheza ghafla kwa fujo isiyo ya kawaida kisha akanyamaza, naye apelekwe. Mama aliyefunga Ramadhani akaona mtoto amepungua, afungue na aende. Dini yake imempa ruhusa hiyo.

Kwa wanaompokea mama

Wakunga wenzangu, hapa nazungumza nanyi. Swali la "mtoto anacheza?" lina jibu moja tu, na mama analijua. Tuulize vingine: "Jana usiku alicheza vipi? Ukilinganisha na wiki iliyopita, kuna tofauti?" Kisha tunyamaze, tumwache aseme.

Akisema amepungua, tusimrudishe kwenye benchi la foleni. Tumpime presha, mkojo kwa protini, na kimo cha mimba. Tusikilize moyo wa mtoto kwa dakika nzima, saa ikiwa mkononi. Fetoskopu aliyoibuni Mfaransa Adolphe Pinard mwaka 1895 bado ipo kwenye vituo vyetu, na haihitaji umeme wala betri. Sikio likikaa sawasawa, mkono huiachia fetoskopu, na vidole vya mkono mwingine hushika mapigo ya mama kwenye kifundo cha mkono, ili tusije tukahesabu moyo wa mama tukadhani ni wa mtoto. Kawaida ya mtoto ni mapigo 110 hadi 160 kwa dakika.

Na tukiyasikia, kazi haijaisha. Moyo unaopiga unatuambia mtoto yu hai. Hautuambii kondo lina hali gani. Mimba ikiwa imefikisha wiki 28 na mama anasisitiza kwamba mtoto amebadilika, apewe rufaa afanyiwe ultrasaundi na apimwe mapigo kwa mashine pale ilipo. Akirudi mara ya pili kwa lalamiko lilelile, tusimwambie "wewe tena." Tatizo linalojirudia ndilo lenye hatari zaidi, na linahitaji daktari.

Kwa kina baba na kina mama wakwe: mama akisema twende, jibu ni nauli. Hakuna kusubiri mume arudi kutoka kazini wala kuomba ushauri wa ukoo. Na akitokea mama aliyepoteza mtoto, tusimwulize alikuwa wapi asijue. Wapo waliokwenda mapema, wakapimwa, na bado msiba ukawafika. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na lawama zetu hazimrudishi mtoto.

Mama mjamzito uliye hapa, wewe ndiwe uliye karibu zaidi na mtoto huyo kuliko daktari yeyote. Kwikwi zake zisikunyime usingizi. Desturi yake uijue. Siku ikibadilika, nenda siku hiyohiyo, na usiondoke kituoni mpaka umesikilizwa. Nawe mhudumu utakayempokea, mwamini kwanza, kisha upime.